Usimwachishe Mtoto wa Paka Mapema

Paka akizaa stoo au uvunguni mwa kitanda, wenye nyumba wengi huwavumilia watoto wake kwa mwezi mmoja hivi, kisha huanza kuwagawa. Macho yameshafunguka, meno yameota, na wakiwekewa kisosi cha maziwa wanalamba. Majirani nao wameshachagua, huyu anamtaka mweusi, yule anamtaka mwenye mabaka. Kila kitu kinaonyesha kwamba mtoto anaweza kujitegemea. Mimi naona dalili hizo tunazisoma vibaya. Mtoto wa paka anapoanza kulamba kisosini ndio kwanza ameingia katika kipindi cha kuachishwa ziwa, na kipindi hicho kinadai mambo mawili ambayo nyumba nyingi humnyima bila kukusudia: nyama badala ya maziwa ya ng'ombe, na kukaa na mama yake kwa wiki nyingine nane.

Tuanze na mwili wake. Huzaliwa na uzito wa takriban gramu 100, haoni wala hasikii. Macho hufunguka kati ya siku ya 7 na ya 14. Meno madogo ya mbele hutokeza akiwa na wiki mbili hadi tatu, chonge hufuata, na yale ya nyuma, ambayo kazi yake ni kukata nyama, hukamilika karibu na wiki ya sita. Kwa hiyo akiwa na wiki nne ana meno, lakini hana bado ya kumlisha. Paka anayeishi kwa kuwinda hulizingatia hilo bila kufundishwa na mtu. Kwenye wiki ya nne huanza kuwaletea watoto panya aliyekwisha kufa, na baadaye humleta akiwa hai ili wajifunze kumuua wenyewe. Wakati huohuo huanza kuwakwepa: hulalia tumbo ili chuchu zisifikiwe, hupanda juu ya kabati, hukawia kurudi. Anawanyima kidogo kidogo, na kila anapowanyima wanageukia kilicholetwa. Hadi wiki ya nane hivi maziwa yamebaki machache, wala huwezi kuitaja siku ambayo mtoto aliacha kunyonya.

Sisi tunapoingilia kati huleta maziwa ya ng'ombe, kwa imani kwamba maziwa ni maziwa. Maziwa ya paka yana protini takriban mara mbili ya ile iliyomo katika ya ng'ombe. Tatizo kubwa zaidi ni sukari ya maziwa, laktosi. Kimeng'enya kinachoivunja hupungua tumboni mwa paka kadiri anavyokua na kuacha kunyonya, kwa hiyo tunamzidishia laktosi wakati uwezo wake wa kuihimili unashuka. Laktosi isiyovunjwa huvuta maji ndani ya utumbo, na mtoto huanza kuhara. Mtu mzima akihara siku mbili huchoka, lakini mnyama mwenye gramu 400 hana akiba ya maji ya siku mbili. Ukimbana ngozi ya shingoni na kuiachia, badala ya kurudi mara moja inabaki imesimama kama kunjo la kitambaa. Ufizi unakuwa mkavu na wenye kunata. Akifikia hapo ni wa kupelekwa kwa daktari wa mifugo siku hiyohiyo.

Kwa nini iwe nyama? Kwa sababu mwili wa paka hauwezi kujitengenezea baadhi ya vitu ambavyo wanyama wengine hujitengenezea. Karoti haiwezi kumpa vitamini A. Lazima aipate ikiwa tayari katika mwili wa mnyama mwingine. Taurini vilevile hutengeneza kidogo mno. Mwaka 1975 watafiti wa Marekani walionyesha kwamba paka waliolishwa chakula ambacho protini yake ilikuwa kaseini, yaani protini ya maziwa, waliharibika sehemu ya nyuma ya jicho inayopokea mwanga, kwa kukosa taurini. Mwaka 1987 Paul Pion na wenzake wa California wakaonyesha kwamba upungufu huohuo hudhoofisha moyo wa paka, na kwamba moyo huweza kupona taurini ikirudishwa. Ugali uliorashiwa mchuzi wa dagaa humjaza mtoto tumbo bila kumpa vitu hivi, na tumbo lenyewe ni dogo kiasi kwamba likijaa ugali nafasi ya chakula cha maana haipo tena.

Chakula chenyewe hakihitaji ufundi mkubwa. Chemsha nyama ya kuku pamoja na moyo wa kuku, bila chumvi, usage, kisha uilegeze kwa supu yake ileile iwe kama uji. Usiimwage supu hiyo, maana taurini huyeyuka katika maji na sehemu yake imo humo. Ongeza dagaa waliochemshwa na kusagwa na mifupa yao. Nyama tupu bila kalisi, ikiliwa wiki baada ya wiki, hudhoofisha mifupa inayokua. Mchuzi wa mezani usitumike, kwa sababu haukosi kitunguu, na kitunguu huharibu chembe nyekundu za damu ya paka. Mwenye uwezo wa kununua chakula cha kopo cha watoto wa paka amepata kilichokwisha kupimwa. Weka katika kisosi bapa, mara nne au tano kwa siku. Siku za kwanza watakikanyaga na kukikalia. Pakaza kidogo kwenye mdomo ili mtoto ajilambe, lakini usimsukume uso ndani, asije akakivuta mapafuni. Kila baada ya siku chache punguza supu, na maji safi yawe karibu. Kama una mizani ya jikoni, mpime kila asubuhi: mtoto mwenye afya huongeza gramu 10 hadi 15 kwa siku. Asipoongeza kitu kwa siku mbili, jua umekimbiza mambo.

Kuhusu mama, ushahidi mzito umetoka Finland. Mwaka 2017 watafiti wa Chuo Kikuu cha Helsinki walichapisha uchunguzi wa paka karibu 6,000. Waliotengwa na mama kabla ya wiki nane walielekea kuwa wakali zaidi, hasa kwa wageni, na waliokaa hadi baada ya wiki 14 walikuwa na matatizo machache zaidi ya tabia. Mtu anaweza kusema kwamba hayo ni majibu ya wenye paka katika dodoso, si jaribio la maabara, na ni kweli. Lakini yanalingana na kinachoonekana kwa macho: mtoto akimng'ata ndugu yake kwa nguvu hung'atwa naye, akimzidi mama hupigwa kofi. Asiyepata somo hilo huja kujifunzia kwenye mkono wa mtoto wa binadamu.

Kuna watakaouliza: mbona paka wa masoko ya samaki ya Lamu, Mombasa na Unguja wanaishi bila haya yote? Tunaowaona ni waliopona; waliokufa wachanga hatuwahesabu. Halafu hao waliopona walikula panya na mijusi, nyama na mfupa, walioletewa na mama, yaani walipata kile hasa ninachokitetea. Wengine watalalamikia gharama. Mtoto wa wiki tano anakula vijiko vichache tu kwa mlo, na mioyo ya kuku ni ya bei nafuu kuliko dawa za kuhara. Wengine humwonea huruma mama aliyekonda. Huyo dawa yake ni kulishwa, kwa kuwa anayenyonyesha huhitaji chakula mara mbili hadi tatu ya kawaida yake. Na kwa vile anaweza kushika mimba akiwa bado ananyonyesha, afungiwe ndani mbali na madume, na daktari aulizwe mapema kuhusu kumfunga uzazi. Minyoo nayo hupita katika maziwa, kwa hiyo watoto hupewa dawa kuanzia wiki ya tatu, kila baada ya wiki mbili, kwa kipimo cha daktari.

Pingamizi lenye uzito zaidi ni la jirani anayemtaka akiwa mdogo ili amzoee. Ana sababu: paka huzoea watu kwa urahisi zaidi kati ya wiki ya pili na ya saba. Lakini kumzoea hakulazimu kumhamisha. Jirani huyo aje kwenye wiki ya tano, amshike, amlishe yeye mwenyewe ule uji wa kuku, amrudishe kwa mama yake, arudi tena kesho. Kwenye wiki ya 12 amchukue, pamoja na chakula cha siku chache alichokizoea, akichanganye na chake mpaka tumbo likubali.