Mgonjwa Aulizwe Vyema Kabla ya Kupasuliwa

Wahenga walinena kwamba mficha uchi hazai. Methali hii imekuwa fimbo ya kuwachapia wagonjwa wasiowaeleza madaktari mambo yao. Kwa maoni yangu, lawama hiyo haimstahili mgonjwa peke yake. Aghalabu hakuficha chochote, ila aliulizwa vibaya.

Mtu anayengojea kupasuliwa huulizwa, "Unatumia dawa yoyote?" Naye hujibu, "La." Nimelisikia jibu hilo mara nyingi nikiwauguza jamaa zangu hospitalini, na siwezi kuliita uongo. Kwa wengi wetu, ukishaingia hospitalini, dawa ni ile iliyoandikwa na daktari. Aspirini iliyonunuliwa kwenye kioski haihesabiwi. Mizizi aliyochemsha nyanya huonekana kuwa desturi tu ya nyumbani. Miraa ni starehe, na pombe ni pombe.

Mwili, hata hivyo, hauzijui tofauti hizo. Aspirini huzilemaza zile chembe ndogo za damu ambazo kazi yake ni kukimbilia jeraha na kuliziba. Chembe ikishalemazwa hairudiwi na nguvu zake. Sharti mwili utengeneze nyingine, na kuzibadilisha zote huchukua siku 7 hadi 10. Kwa hivyo tembe iliyomezwa Jumatatu yaweza kuzidisha uvujaji wa damu Alhamisi, mgonjwa akiwa chini ya kisu.

Itazame pia prednisoloni, ambayo hupewa baadhi ya wenye pumu na baridi yabisi. Mtu akiitumia kwa muda mrefu, tezi zilizo juu ya figo zake huzembea, zikashindwa kutoa homoni ya kutosha ya kuukabili msukosuko wa upasuaji. Daktari asipojua, shinikizo la damu la mgonjwa huyo laweza kuporomoka ghafla. Mlevi wa kila siku naye huenda akahitaji dawa nyingi zaidi za nusukaputi, kisha siku mbili tatu baadaye aanze kutetemeka na kuweweseka kwa kukosa pombe. Mtafuna miraa aweza kufika mezani moyo ukimwenda mbio na shinikizo la damu limepanda.

Wapo watakaosoma haya na kuzitupa tembe zao zote usiku wa kuamkia upasuaji. Hilo nalo ni hatari. Mwenye kifafa akiacha dawa zake ghafla aweza kuanguka, na zipo dawa za shinikizo la damu ambazo zikikatizwa ghafla huutia moyo taabani. Uamuzi wa kuacha au kuendelea ni wa daktari, na daktari hawezi kuamua juu ya jambo asilolijua.

Mbona basi mgonjwa asiseme? Nimewahi kumwona mama mmoja akikaripiwa mbele ya wodi nzima kwa kutaja mitishamba. Sina shaka kwamba kila aliyesikia makaripio yale alijifunza kunyamaza. Ajabu ni kwamba Sheria ya Afya ya mwaka wa 2017 inaitambua tiba ya kiasili katika nchi hii. Ikiwa sheria inaitambua, muuguzi hana haki ya kumdhihaki anayeitumia.

Naomba swali lile libadilishwe. Mgonjwa aulizwe faraghani, kwa lugha anayoielewa, pasipo mume wala mavyaa kusikiliza: Umemeza nini wiki mbili hizi? Umenunua nini dukani? Umepewa nini na mganga? Unakunywa? Unavuta? Unatafuna? Aelezwe pia ni kwa nini anaulizwa, ili ajue kwamba hapo hapana hakimu. Maswali kama hayo humalizika kwa dakika chache, na hayahitaji mtambo wowote kutoka ng'ambo.

Nasi tunaowapeleka jamaa zetu hospitalini tuna wajibu wetu. Tutie ndani ya mfuko mmoja kila kopo, kila karatasi ya tembe na kila chupa ya mitishamba iliyo nyumbani, tuukabidhi kwa daktari wa nusukaputi kabla ya siku ya upasuaji. Akikunja uso, na akunje. Ni heri aibu ya dakika moja kuliko damu isiyozuilika.