Seki, mwongozaji aliyejificha nyuma ya Masanja na Joti

Mwaka 2015 Emmanuel Mgaya alipoomba CCM imteue kugombea ubunge wa Ludewa, jimbo lililokuwa mkoani Iringa kabla Njombe haijawa mkoa, hakuwa na haja ya kujitambulisha. Wapiga kura walishamzoea runingani kama Masanja Mkandamizaji. Kicheko hakikugeuka kura. Chama kilimteua Deo Ngalawa.

Lakini Sekioni David, maarufu kwa wenzake kama Seki, angeweza kushuka stendi ya Mbeya mchana kweupe, akapanda daladala ya Mwanjelwa, na asigeuke hata mtu mmoja kumtazama. Ndiye aliyekuwa mwongozaji wa kundi zima la Ze Comedy: Masanja, Joti, Mpoki, Wakuvanga, Vengu na MacRegan.

Ze Comedy, iliyoanzia kituo cha EATV, ilichekesha kwa kuiga vitu ambavyo mtazamaji ameviona tayari: video ya wimbo unaotamba, taarifa ya habari, mwanasiasa jukwaani. Chakula cha namna hiyo huchacha upesi. Wimbo ukishapoa mtaani, kuuiga ni kazi bure, kwa hiyo mwongozaji anashindana na kalenda kuliko na mwandishi wa habari. Halafu kuna kukata. Igizo la dakika tatu likiongezwa nusu dakika isiyo na kazi, mtu anainuka kwenda jikoni. Na ukiwa na Joti, anayeweza kuwa bibi kizee sasa hivi na mtoto mtukutu baadaye kidogo, kishawishi cha kuacha kamera iendelee ni kikubwa mno. Kwa maoni ya mwandishi huyu, kumkatiza Joti kunahitaji moyo mgumu kuliko kumwandikia.

Mwaka 2008 kundi lilihamia TBC1. Ukazuka mvutano wa nani mwenye haki na jina, na kundi likarudi hewani kama Ze Orijino Komedi. Jina lilibaki nyuma, watazamaji wakawafuata wachekeshaji.

Agosti 2016, kwenye harusi ya Masanja, wenzake walitinga sare zinazofanana na za polisi. Polisi wa kweli hawakucheka. Katika majina ya walioshikiliwa, magazeti yaliandika na la Sekioni David, bega kwa bega na Joti na Mpoki.

Kufikia hapo kila mmoja alikuwa na njia yake. Masanja alikuwa akihubiri Injili, na huku Mbeya akilima mpunga Mbarali.