Santuri ya kaka msiitupe kwanza

Mwaka 1983 marehemu kaka yangu, aliyekuwa akifanya kazi Maskati, alituletea Mombasa kaseti ya Thriller. Mtaa mzima uliiazima. Mmoja akanakili, mwingine akanakili nakala ile, hata ikawa unasikia upepo kuliko Michael Jackson. Sisi tuliridhika. Nyimbo tulizijua kwa moyo, yaliyokosekana masikio yalijaza yenyewe.

Juzi nilikuwa Maskati, watoto wa kaka wanahama nyumba. Kwenye vitu vya kutupwa nikaiona santuri ya Thriller, na mashine yake ya kupigia.

"Ami, hizo si zote zimo kwenye simu?" akaniuliza kijana.

Nikamwambia, lete waya, tusikilize kwanza.

Nilisoma sekondari ya misheni. Kwaya haikuwa yetu sisi Waislamu, lakini mwalimu wa muziki alitufunza kufuata sauti moja moja. Basi ilipoanza Billie Jean nikamwambia kijana: fuata ngoma peke yake. Sasa fuata gitaa la besi. Akanyamaza. Kwenye spika ya simu besi ile haipo. Kidude kidogo vile kitaitoa wapi?

Uzuri huo haukuja wenyewe. Fundi wa sauti, Bruce Swedien, aliijengea ngoma jukwaa la mbao ili isikike kavu na karibu. Wimbo huo aliuchanganya mara 91, mwisho wakarudia mchanganyiko wa pili! Tena albamu ilipokamilika, ilikuwa ndefu mno kwa santuri. Upande ukijazwa dakika nyingi, mifereji hubanana, sauti ikapungua na besi ikafa. Quincy Jones na wenziwe wakakata. The Lady in My Life ulipoteza ubeti mzima. Ikatoka mwishoni mwa Novemba 1982, nyimbo 9, dakika 42 hivi. Ndiyo maana haichoshi, kwa maoni yangu: waliitengeneza kwa ajili ya msikilizaji anayekaa kitako.

Mimi si katika wanaoabudu santuri, wallahi. Simu yenye faili nzuri na hedifoni nzuri inatosha kabisa, na santuri chafu ni mateso matupu. Lakini ukiwa nayo, badilisha sindano iliyochakaa, pangusa vumbi, isimamishe wima kama kitabu. Na usiiache garini, joto letu hili la Ghuba litaipinda kama chapati.

Upande ule ukaisha. Kijana akaigeuza mwenyewe, bila kuambiwa. Akatazama jaketi, akaona jina la babake limeandikwa kwa kalamu pembeni, kwa herufi za Kiarabu.

"Baba alikuwa akicheza hizi?"

"Akicheza sana. Tena vibaya."

Akaichukua mashine, akaipakia kwenye gari na vitu vinavyohamishwa.