Mzee wa Bokoli, shamba la Kitale: kesi ni ya korti gani?

Msemaji wa kumuse, kikao cha Wabukusu baada ya mazishi, akishamaliza maneno yake na wageni wakatawanyika, ndipo simu huanza kuvuka bahari. Kaka aliyebaki Bokoli amefungua kesi ya mirathi ya baba yao kwa hakimu. Dada aliye ughaibuni anauliza: hakimu yule ana uwezo wa kuisikiliza? Nyumbani wanamwona mkorofi. Mimi naona ameuliza swali la kwanza kabisa.

Sheria ya Urithi ilipoanza kutumika Julai 1981, hakimu aliachiwa mali isiyozidi shilingi 100,000. Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya 2015 ikapandisha kiwango: milioni 5 kwa hakimu mkazi, ikikwea kwa ngazi hadi milioni 20 kwa hakimu mkuu. Kwa hiyo faili ya mzee wa kawaida yaweza kuanzia na kuishia Webuye au Kimilili.

Ugomvi huanzia kwenye hesabu. Kinachopimwa ni thamani ya mali yote kabla ya kutoa madeni, si kile kipande mnachovutania. Na familia zetu nyingi zina mguu mmoja Bungoma, mwingine Trans Nzoia: boma na ekari mbili Bokoli, halafu shamba la Kitale ambalo mzee alinunua wazungu walipoondoka. Fomu ikitaja Bokoli peke yake, hakimu anatosha. Ongeza Kitale, na huenda kesi ikawa ya Mahakama Kuu.

Kuna pia suala la makazi. Sheria huuliza marehemu aliishi wapi mwisho, haiulizi kaburi liko wapi. Aliyeishi Kitale akazikwa Bokoli, mirathi yake huanzia Kitale. Na hili ni letu sisi wa mbali: aliyekuwa akiishi nje ya Kenya, Mahakama Kuu ndiyo huamua ni hakimu yupi atakayeshika faili.

Wakili wa dada hatakosa kutaja Lillian S, kesi ya meli ya 1989, ambamo Jaji Nyarangi alisema mahakama isiyo na mamlaka haina budi kuacha kazi papo hapo. (Tunagombania shamba la mahindi, mfano unatoka baharini!) Lakini pingamizi la awali, yaani la kuizuia kesi kabla haijasikilizwa, husimama kwa hoja ya sheria peke yake, kama ilivyoamuliwa katika kesi ya Mukisa Biscuit ya 1969. Kama kaka anabisha thamani, hilo ni suala la ushahidi, na maneno hayatoshi. Leta ripoti ya mthamini. Tena mapema, maana kesi iliyofunguliwa kwenye korti isiyo na uwezo kwa kawaida haihamishwi, huanzwa upya. Hata familia nzima ikikubaliana, makubaliano hayampi hakimu mamlaka asiyokuwa nayo.

Na je, hati ya shamba la Kitale ikiwa na jina la kaka, naye dada akadai kwamba kaka alilishika kwa niaba ya familia? Huo ni mzozo wa umiliki, unaenda kwenye korti ya ardhi. Korti ya mirathi yaweza kulitenga fungu hilo mpaka uamuzi utoke, na kuendelea na ekari mbili za Bokoli.