Vizimba vitupu vinavyoimba katikati ya Sydney

Anayepita katika kichochoro cha Angel Place, katikati ya jiji la Sydney nchini Australia, husikia ndege wakilia juu ya kichwa chake. Akiinua macho haoni ndege hata mmoja. Anachoona ni vizimba vya ndege zaidi ya 100 vilivyotundikwa hewani kati ya majengo marefu, na vyote ni vitupu. Milio hiyo inatoka kwenye vipaza sauti.

Hiyo ni kazi ya msanii Michael Thomas Hill, iitwayo Forgotten Songs, yaani Nyimbo Zilizosahaulika. Ilitundikwa kwa mara ya kwanza mwaka 2009 kama maonyesho ya muda tu. Watu waliipenda, na baadaye halmashauri ya jiji ikaamua ibaki.

Ni sanamu iliyotengenezwa kwa sauti na wakati kuliko chuma. Ndani yake mna milio ya aina 50 za ndege walioishi mahali hapo kabla Waingereza hawajafika kuanzisha koloni lao mwezi Januari mwaka 1788. Karibu na hapo kilipita kijito cha maji matamu ambacho walowezi walikitegemea kwa kunywa, kisha wakakichafua. Leo kijito hicho kinapita chini ya ardhi, kimefunikwa na jiji. Miti ilikatwa, nyumba zikajengwa, na ndege wakahama. Majina yao yameandikwa kwenye mawe ya njia, chini ya miguu ya wapita njia.

Wakati wa mchana husikika ndege wa mchana, akiwemo mmoja ambaye mlio wake ni kama mjeledi unaopasua hewa. Jioni ndege hao hunyamaza na kuwapisha bundi na wenzake wa usiku. Sisi tunaohesabu saa kwa Kiswahili tunauelewa mpango huo bila kufafanuliwa, maana saa zetu nazo huanza upya jua linapochomoza na linapozama. Ila Sydney iko mbali na ikweta. Mwezi Juni jua huzama kabla ya saa kumi na moja jioni, na mwezi Desemba hukawia hadi saa mbili usiku.

Ziko kazi nyingine duniani zinazochanganya muziki na wakati. Katika mji wa Halberstadt, Ujerumani, kinanda cha kanisa kilianza mwaka 2001 kupiga muziki wa Mmarekani John Cage, na umepangwa kumalizika mwaka 2640. Kazi hiyo inatazama mbele. Vizimba vya Sydney vinatazama nyuma na kuuliza ni nani alikuwa hapa kabla yetu.

Swali hilo halihusu ndege peke yao. Mbele ya Jumba la Makumbusho la Sydney, mwendo mfupi kwa miguu, zimesimama nguzo 29 zilizowekwa mwaka 1995 na wasanii Janet Laurence na Fiona Foley. Kati ya nguzo hizo husikika sauti za wenyeji asilia zikitaja majina ya mahali palipomezwa na jiji.

Kuna jambo moja ambalo msikilizaji anaweza kulikosa. Milio inayosikika Angel Place haikurekodiwa mwaka 1788, kwani hapakuwa na chombo cha kunasa sauti. Imewezekana kuipata kwa sababu ndege wa aina hizo bado wako hai kwenye misitu nje ya jiji. Kilichopotea ni makazi yao ya mjini. Kama wangetoweka kabisa, vizimba hivyo vingekuwa kimya.

Hapo ndipo habari hii inapotugusa sisi wa Afrika Mashariki. Miaka ya 1890 kunguru wa Kihindi, yule mwenye shingo ya kijivu, aliletwa Zanzibar ili asafishe taka. Akazaliana, akavuka bahari hadi Bara, na leo kelele zake zimetawala Dar es Salaam na Mombasa. Hula mayai na makinda ya ndege wengine, na mitaa mingi ya pwani imepoteza milio ambayo wazee wetu waliamka nayo. Mwezi Juni mwaka 2024, Shirika la Wanyamapori la Kenya lilitangaza mpango wa kuwaangamiza kunguru milioni moja. Lakini kunguru ni sehemu tu ya tatizo. Hufuata taka zinazoachwa wazi, na ndege wa asili hawawezi kurudi mahali ambapo mikoko na miembe imekatwa.

Walio ughaibuni wanajua ilivyo kuisikiliza nyumbani kupitia kanda na simu. Hufariji kwa sababu mwenye sauti bado yupo na safari ya kumwona inawezekana. Sydney imetumia ustadi na fedha kurudisha sauti za ndege bila ndege wenyewe. Miji yetu ya pwani bado ina nafasi ya kuwa na vyote viwili, iwapo taka zitazolewa na miti iliyobaki itaachwa isimame.