Maprodyuza walivyoipigania sinema ya Kikantoni

Mwaka 1933, kampuni ya Tianyi ya Shanghai, mali ya ndugu wa familia ya Shaw, ilitoa White Golden Dragon, filamu ya Kikantoni yenye nyota wa opera Sit Kok-sin. Ikaingiza hela nyingi. Mwaka huohuo Joseph Sunn Jue akaanzisha Grandview mjini San Francisco, Marekani.

Siri ilikuwa nini? Sinema ilikuwa imeanza kutoa sauti, na watu wa Guangdong, Hong Kong na ughaibuni walitaka kusikia lugha ya nyumbani.

Serikali ya China, iliyokuwa Nanjing, haikupenda. Ilitaka taifa zima litumie Kimandarini, hivyo ikapanga kupiga marufuku filamu za lugha nyingine za Kichina. Hong Kong ilikuwa chini ya Waingereza, lakini bila watazamaji wa Guangdong biashara ingekufa.

Maprodyuza wakapeleka wajumbe Nanjing kuomba muda. Wakapewa. Julai 1937 vita na Japani vikapamba moto, na marufuku ikawekwa pembeni.

Hong Kong ikaendelea kutoa filamu za Kikantoni hadi Wajapani walipoivamia, Desemba 1941.