Kusoma Nyumba Kitabuni: Wasanifu wa Kisasa na Jua la Bariadi

Usanifu majengo ni elimu ya kupanga na kuchora jengo kabla halijajengwa, ili liwe imara, lifae kwa kazi yake na lipendeze. Katika karne ya 20 wasanifu wengi mashuhuri waliandika vitabu kuhusu nyumba walizozibuni, au waliandikiwa vitabu na wengine. Vitabu hivyo aghalabu huwa na picha nzuri, na msomaji huvutwa na picha kabla ya kusoma maneno.

Mji wa Bariadi umekuwa ukijengwa kwa kasi tangu ulipofanywa makao makuu ya Mkoa wa Simiyu mwaka 2012. Mkulima aliyeuza pamba yake, au mtumishi aliyeweka akiba kwa miaka mingi, humpelekea fundi picha na kumwambia: "Nijengee kama hii." Nyumba hujengwa mara moja tu katika maisha ya watu wengi. Kwa hiyo hatuna budi kujiuliza: picha ya nyumba inatueleza nini, na inatuficha nini? Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba kila nyumba iliyosanifiwa vema ni jibu la swali lililoulizwa na jua, mvua na watu wa mahali pake. Asiyelijua swali hawezi kulitumia jibu.

Nyumba ya Poissy

Tuchukue mfano unaopatikana karibu katika kila kitabu cha usanifu wa kisasa. Msanifu Le Corbusier, aliyezaliwa Uswisi na kufanya kazi Ufaransa, alitoa mwaka 1923 kitabu kiitwacho "Vers une architecture", kilichowahimiza wasanifu kuacha mapambo ya kale. Kati ya mwaka 1928 na 1931 nyumba yake iitwayo Villa Savoye ilijengwa Poissy, karibu na Paris. Imeinuliwa juu ya nguzo nyembamba, kuta zake ni nyeupe, paa lake ni bapa, na madirisha yake yamepangwa kama ukanda mrefu usio na kivuli juu yake.

Kwa nini madirisha hayo hayakuwekewa kivuli? Poissy iko karibu nyuzi 48.9 kaskazini ya ikweta. Katikati ya majira ya baridi, jua la adhuhuri huko huinuka nyuzi 18 tu kutoka upeo wa macho. Mwanga na joto ni vitu vya kutafutwa, si vya kukimbiwa. Hata siku ambayo jua hupanda juu kuliko siku zote za mwaka, hufikia nyuzi 64.5.

Sasa tulinganishe na Bariadi, iliyo karibu nyuzi 2.8 kusini ya ikweta. Hapa siku ambayo jua la adhuhuri huwa chini kuliko siku zote ni tarehe 21 Juni, nalo huwa nyuzi 63.8. Msomaji atambue jambo hili: jua la adhuhuri lililo dogo kuliko yote Bariadi ni karibu sawa na lile lililo kubwa kuliko yote Poissy. Anayenakili madirisha yale hapa ananakili jibu la swali jingine kabisa. Na hata huko kwao nyumba hiyo haikukosa kasoro, kwani paa lake lilivuja tangu miaka ya mwanzo, na wenyewe walilalamika.

Hesabu ya upenu

Upenu ni ile sehemu ya paa inayotokeza nje ya ukuta. Upana wake unaweza kupatikana kwa hesabu ya pembetatu ambayo mwanafunzi wa sekondari anaimudu. Tarehe 21 Juni jua la adhuhuri liko utosini mahali palipo nyuzi 23.4 kaskazini. Kwa hiyo Bariadi huliona limeinama upande wa kaskazini kwa nyuzi 23.4 kujumlisha 2.8, yaani 26.2 kutoka utosini. Tanjenti ya pembe hiyo ni 0.49. Tarehe 21 Desemba jua huinama upande wa kusini kwa nyuzi 20.6, ambazo tanjenti yake ni 0.38.

Ikiwa kizingiti cha chini cha dirisha kiko mita 1.5 chini ya ukingo wa paa, upenu wa kaskazini unahitaji sentimita 74 na ule wa kusini sentimita 57 ili dirisha zima liwe kivulini adhuhuri. Hicho ni kipimo cha chini kabisa. Kabla na baada ya adhuhuri jua hushuka, kwa hiyo upenu wa karibu mita 1 unafaa zaidi. Ama jua la asubuhi na la jioni, hilo huja kwa ulalo na kupita chini ya upenu wowote. Dawa yake ni kuelekeza kuta ndefu zenye madirisha kaskazini na kusini, na kupunguza madirisha ya mashariki na magharibi.

Vitabu vya nchi za joto

Wapo wasanifu walioandika kwa ajili ya nchi zetu. Maxwell Fry na Jane Drew, Waingereza waliofanya kazi Afrika Magharibi, walitoa mwaka 1956 kitabu cha usanifu katika nchi za joto lenye unyevu, na mwaka 1964 wakakipanua ili kihusu pia nchi kavu. Walisisitiza vyumba vilivyopangwa safu moja ili upepo upite kutoka dirisha moja hadi la pili. Shauri hilo linafaa sana Pwani, ambako usiku hauna baridi. Lakini Bariadi iko juu zaidi ya mita 1,000 kutoka usawa wa bahari, na usiku wa kiangazi hupoa. Hapa ukuta mnene nao una kazi: ukuta wa udongo wa sentimita 30 huchelewesha joto la mchana kwa muda wa saa nane hivi, likafika ndani wakati hewa ya nje imekwisha kupoa.

Hassan Fathy wa Misri alitumia udongo huo huo. Kuanzia mwaka 1946 alisimamia ujenzi wa kijiji cha Gourna Mpya karibu na Luxor, kwa matofali mabichi na mapaa ya kuba yasiyohitaji mbao. Kitabu chake, "Architecture for the Poor", kilichoenea tangu mwaka 1973, kinaeleza pia kwamba wanakijiji walikataa kuhamia huko. Hili ni funzo kubwa: hesabu ya joto haitoshi ikiwa wenye kuishi hawakuridhia. Tena Luxor karibu haina mvua, ilhali ukuta wa udongo wa Simiyu unahitaji msingi ulioinuliwa na upenu mpana.

Tunao pia wasanifu wetu. Anthony Almeida, mzaliwa wa Dar es Salaam, alisanifu Maktaba Kuu ya Taifa. Beda Amuli alisanifu Soko la Kariakoo, lililofunguliwa mwaka 1975 na kuungua mwaka 2021. Paa lake la zege lilikuwa na maumbo kama faneli kubwa zilizokinga mvua na kuipeleka chini. Fikra hiyo yafaa kuigwa katika wilaya kavu kama Meatu, hata kwa bati la kawaida: milimita 1 ya mvua juu ya mita 1 ya mraba ni lita 1. Mvua ya milimita 20 juu ya paa la mita 60 za mraba ni lita 1,200, ikipunguzwa kidogo na inayopotea.

Kazi ya darasani

Kabla ya vitabu hivi, wazee wa Kisukuma walijenga msonge, wenye paa la nyasi lililoshuka na kutia ukuta kivuli. Nyasi huzuia joto, bali huungua na hazikingi maji vizuri. Bati hukinga maji, bali huchoma likikosa dari. Kila moja lipimwe kwa haki.

Mwalimu awape wanafunzi kijiti cha mita 1 wakisimamishe wima uwanjani. Adhuhuri ya kweli Bariadi huwa karibu saa sita na dakika 45, kwa sababu saa zetu hufuata longitudo 45 na mji uko karibu longitudo 34. Tarehe 21 Juni kivuli kitakuwa karibu sentimita 49 kuelekea kusini. Kisha wapime upenu wa darasa lao na kuamua kama unatosha. Upenu uliosahauliwa hurekebishwa kwa mstari mmoja wa penseli nyumba ikiwa bado mchoro. Paa likishapigiliwa, gharama yake ni mbao, bati na fundi upya.